Dereva wa Upande wa Kushoto

Hapa Nangurukuru hakuna aliyemwita kwa jina lake. Alikuwa Dereva. Watoto walimwamkia, "Shikamoo, Dereva," wazee wenzake walimwita hivyo hivyo msikitini, na hata mkewe, alipotaka aitwe nyumbani, alisema, "Kamwiteni Dereva, chakula kinapoa." Nilipohamia hapa kutoka Rasbura na kufungua banda la gemu na la kutengeneza redio mkabala na stendi, nilimkuta jina hilo tayari analo na kazi tayari ameiacha. Alizaliwa wapi na kwa nani, wapo wanaojua kuliko mimi. Mimi najua alivyokaa, alivyosema, na alivyoendesha gari ambalo halikuwepo.

Mahali pake palikuwa kwenye benchi la fundi pancha, kijana mpole aliyeziba matairi upande wa pili wa barabara. Dereva alikaa ncha ya kushoto ya benchi lile, shati limefungwa mpaka kifungo cha juu, suruali imepigwa pasi, mkono wa kushoto ukining'inia nje. Basi lilipotaka kuondoka stendi, mkono ule ulipiga ubavu wa benchi mara mbili. Basi lilipokuja kusimama, ulipiga mara moja. Sidhani kama mwenyewe alijua. Watoto waliigiza wakidhani ndivyo madereva wanavyosalimiana.

Barabara ya kusini aliijua kama mtu anavyojua ua wa nyumba yake. Aliijua tangu enzi za udongo, wakati masika yakinyesha basi lililala porini na abiria wakaota moto kando ya matope. Madereva wapya wa malori walikuja kumsikiliza. Aliwaambia wapi mkwaju umeinamia njia, wapi kuna kalavati lililotitia, wapi mbuzi wana kawaida ya kulala juu ya lami. Mimi nina tabia ya kulinganisha mambo, na kuna jambo moja niliona haliendi sawa. Alisema kwamba pale Somanga, ukienda Dar huioni bahari, utaiona ukirudi. Nikamwambia bahari haiondoki, iko palepale.

"Wewe fundi wa redio," akanijibu, "barabara utaijulia wapi?"

Watu benchini wakacheka, na mimi nikacheka. Nilidhani ni mzaha wake wa kizee.

Alikuwa mkali kwa udanganyifu. Kuna bwana mmoja alijitia fundi umeme, akafunga nyaya za nyumba moja mpaka ukuta ukawa unawapiga shoti wenye nyumba. Dereva alimsimamisha mbele ya watu stendi. "Usijiite fundi kama hujawa fundi," alimwambia. "Mtu atakukabidhi roho yake kwa sababu ya hilo jina." Aliendelea kusema, lakini sauti ikawa inashuka, na sentensi ya mwisho hatukuisikia. Akarudi kwenye benchi akakaa akitazama miguu yake. Siku ile nilidhani ni hasira.

Sasa lazima niseme habari ya Ijumaa.

Jirani yake Dereva ni Bi Somoe, anayeuza chai na vitumbua stendi. Mkwewe, mke wa mwanawe wa pekee, alishikwa na uchungu wa uzazi asubuhi, na kufikia adhuhuri mambo yalikuwa yameharibika. Damu ilikuwa nyingi. Pikipiki isingeweza kumbeba. Wanaume wengi walikuwa msikitini, nami nikiwa mmoja wao. Mbele ya duka kulikuwa na pikapu ya mnunuzi wa korosho. Aliyeiendesha alikuwa amekwenda zake, lakini mwenye gari, ambaye mwenyewe hakujua kuendesha, alikuwepo, na aliposikia kilio akatoa ufunguo bila kuulizwa mara mbili. Mwana wa Bi Somoe akaushika ufunguo akakimbia nao mpaka benchini, ambako Dereva alikuwa akitawadha kwa birika ili awahi swala.

Niliyoyasikia nimesimuliwa na watu watatu, na wote wanasema sawa.

"Dereva, ufunguo huu. Tupeleke Masoko, hospitali."

Akaupokea. Akautazama. Akamrudishia.

"Gari la mtu siligusi bila idhini ya mwenyewe."

"Mwenyewe ndiye kautoa! Huyo pale!"

"Siligusi."

Bi Somoe alikuja mwenyewe, khanga imemwanguka begani. Alimshika miguu. Mwanamke mzima anayeheshimika, alimshika miguu mbele ya stendi nzima, naye akasimama na birika lake, maji yakimwagika, akirudia neno lile moja. Fundi pancha alikuwa hapo kando, mikono nyuma, macho chini. Hatimaye lilitokea gari dogo kutoka Somanga, wakalisimamisha na kumpakia mgonjwa. Mama alipona. Mtoto hakupona. Hakuna aliyesema kwamba kuwahi kungemwokoa, na hakuna aliyesema kwamba kusingemwokoa.

Tangu hapo Bi Somoe hakumwamkia tena. "Ana roho mbaya," alisema kwa yeyote aliyenunua chai, wala hakupunguza sauti Dereva alipopita. "Mtu aliyefuga roho kama ile anasali ya nini?" Na Dereva alipita. Hakujitetea kwa mtu yeyote. Watu waliendelea kumwita Dereva, ila lilitoka mdomoni kwa namna nyingine.

Siku chache baadaye alikuja bandani kwangu asubuhi, saa ambayo wanafunzi wako shule na vijana wa kazi wako kazini. Banda langu wakati ule lilikuwa na mashine za zamani, pleistesheni zile za diski ambazo wenzangu mjini walishaziacha. Vijana walitaka mpira tu. Nilikuwa na diski moja ya magari ambayo hawakuipenda, kwa sababu haikuwa ya kugongana na kuruka madaraja. Ilikuwa ya kweli. Ukiingia kona kwa kasi, gari linateleza. Ukifunga breki katikati ya kona, linanyooka na kwenda majanini. Na haikuruhusu kushindana mpaka upasi mitihani ya leseni, mmoja mmoja. Maelekezo yake nilikuwa nimeyasoma kwa kamusi, neno kwa neno, kama nilivyojifunza redio. Nilikuwa pia na usukani wa plastiki uliopasuka, nikaufunga kwa mpira wa tyubu, pamoja na pedali zake mbili za sakafuni.

"Ile ya magari unayo?" aliuliza akiwa bado mlangoni.

"Ninayo, mzee. Shikamoo."

"Marahaba. Ni ya kweli au ya kitoto?"

"Ya kweli. Ukikosea inakuonyesha."

"Inamwonyesha nani?"

"Wewe tu."

Akaingia, na pazia akalishusha mwenyewe.

Nilimchagulia gari dogo na njia rahisi. Akakaa, akapangusa usukani kwa leso, kisha akainama akatazama miguu yake. Akaweka mguu wa kushoto juu ya mafuta na wa kulia juu ya breki. Akaona kitu katika uso wangu, akaibadilisha.

"Za basi zilikuwa tatu," alisema.

"Ndiyo, mzee. Hapa wamepunguza."

Gari likaondoka kwa kishindo. Aliushika usukani kama mtu aliyeshika sinia lililojaa maji, macho yakienda kwenye mikono, miguuni, kwenye kioo, tena miguuni. Kona ya kwanza ikaja. Hakukanyaga breki. Mkono wake wa kushoto ukaacha usukani, ukashuka, ukapiga ubavu wa kiti mara moja, kwa nguvu, kofi la kiganja kizima.

Alikuwa anamwambia dereva asimame. Dereva hakuwepo. Gari likaenda moja kwa moja ukutani.

Basi nikajua yote kwa pamoja: benchi, makofi, bahari ya Somanga inayoonekana wakati wa kurudi tu. Mlango wa basi uko kushoto. Mtu aliyesimama mlangoni miaka yote, mwili nusu nje, anaujua upande wa kushoto wa kila safari na haujui mwingine. Alikuwa utingo. Hakuwahi kushika usukani. Niligeuka nikajifanya natafuta waya nyuma ya runinga, kwa sababu sikuweza kumtazama usoni, na nikakaa huko nyuma nikishikashika waya ambao haukuwa na tatizo lolote.

Nilipogeuka alikuwa bado amekaa. "Irudie mwanzo," alisema.

Kumfundisha mzee kazi ambayo amekuwa akiitwa kwa jina lake ni jambo ambalo sikuona limeandikwa katika kitabu chochote nilichosoma. Nikapata njia. Nilijifanya mkalimani tu.

"Maandishi yanasema mguu wa kulia peke yake, mzee. Mafuta na breki, mguu huohuo."

"Yanasema hivyo?"

"Yanasema. Na yanasema utazame mbele, usitazame miguu."

"Mzungu anajua kusumbua watu," alisema, lakini akafanya.

Maandishi hayakusema kitu cha namna hiyo. Yalisema tu: ondoka, kisha simama ndani ya mstari. Huo ndio mtihani wa kwanza. Vijana wangu waliupita kwa jaribio moja au mawili huku wakitafuna korosho. Yeye ulimchukua masika mazima. Alipita mstari, au alisimama kabla yake, au mkono ulimponyoka ukapiga kiti. Kila aliposhindwa, kioo kiliandika neno lilelile kwa herufi nyekundu, naye aliniuliza, "Kinasemaje?" Nami nikasema, "Kinasema bado kidogo."

Kuna siku shule zilifungwa nami nikasahau. Vijana wakaingia wakamkuta kwenye usukani, gari lake likitambaa pembeni mwa njia huku mengine ya mtihani yakimpita kama upepo.

"Oyaa, Dereva! Unaendesha au unasukuma toroli?"

"Mzee unazingua, kanyaga mafuta! Hapo hata bibi yangu anakupita na ndoo kichwani!"

"Basi lake lilikuwa linafika lini Dar? Idi mpaka Idi!"

Uso ulinipata moto kana kwamba ni mimi ninayechekwa. Dereva hakugeuka. "Langu lilikuwa na abiria," alisema. "Hilo lako limebeba nini?"

Wakaangua kicheko, wakampenda kwa jibu lile, wakaendelea na mpira wao. Mimi niliona mikono yake. Ilikuwa bado inageuza plastiki polepole. Neno lake lilikuwa la kweli, abiria walikuwepo. Lakini hawakuwa mikononi mwake.

Hakuniambia kamwe kwa nini anakuja, nami sikumwuliza. Lakini gari la kweli asingeweza kujifunzia, kwa sababu yeyote ambaye angemfundisha angejua. Mashine haina mdomo. Mara moja tu, akifuta jasho, aliniuliza, "Mtu akiijua hii, la kweli litamkataa?"

Nilimjibu kwa usahihi, kwa sababu sikuona haki ya kumjibu vingine. "Klachi haimo, mzee. Na uzito haumo."

"Na watu hawamo," alisema.

Mitihani ile aliimaliza baada ya muda mrefu sana, yote kwa kiwango cha chini kabisa, shaba. Kioo kilipoonyesha kadi ya leseni, alikaa akiitazama. Nilimwuliza kama nimwandikie jina lake, kwa maana gemu inaruhusu. Akafikiri. "Usiandike kitu," akasema.

Halafu akaacha kuja. Nilimwona stendi tu, amekonda, benchini kama kawaida. Mkwewe Bi Somoe akapata mimba nyingine. Tumbo lilipokuwa kubwa, nilimwona Dereva akihamisha macho kila mama huyo alipopita.

Alikuja siku moja baada ya alasiri, amevaa kanzu na kofia, bakora mkononi. Hakuingia. "Nataka uwe mshenga wangu," alisema.

"Mshenga? Mzee, unaongeza mke?"

"Acha upuuzi, sikiliza." Akaegemea mlango. "Nilipoposa Kinjumbi, mshenga wangu alikwenda akasema, mwenzetu ni dereva wa basi la Lindi. Mimi sikuwepo, mposaji hakai barazani. Nikaletewa jibu kwamba wamekubali, na wamependa kazi yako. Ningesema nini? Ningemwambia mshenga ni mwongo? Ningewaaibisha wale na kumrudisha binti yao? Nikanyamaza. Nikasema nitajifunza kabla hawajajua. Tajiri wa basi hakuniachia usukani hata siku moja." Akahamishia bakora mkono wa pili. "Neno liliingia kwa mdomo wa mshenga. Mimi nimejaribu kulitoa kwa mdomo wangu, halitoki."

"Na mama, nyumbani?"

"Yeye nimemwambia asubuhi, nimempa kisogo. Akasema mshenga yule alisema pia nina minazi. Miaka yote hii hakuwahi kuniuliza minazi iko wapi." Akafuta macho kwa ncha ya kanzu, kwa hasira. "Twende."

Bi Somoe alikuwa uani akipepeta mchele. Kwa desturi Dereva angebaki nyumbani akasubiri majibu, lakini alikataa. Alikaa ukingoni mwa jamvi, kichwa chini, kama bwana arusi. Nikasema tumekuja na neno.

"Semeni," Bi Somoe alisema. Ungo haukusimama.

Nimesoma vitabu vingi peke yangu na najua kupanga maneno, lakini pale niliyasema vibaya, mafupi mafupi. Kwamba mzee huyu si dereva, hakuwahi kuwa. Alikuwa utingo. Kwamba siku ile ya Ijumaa hakukuwa na habari ya idhini wala roho mbaya. Hakujua kuendesha.

Ungo ukasimama.

"Hakujua?"

"Hakujua, Bi Somoe."

Akamgeukia. "Na sasa unajua?"

Dereva akajibu mwenyewe, polepole. "La kwenye runinga."

"Linakwenda?"

"Linakwenda. Na linasimama."

Nilidhani atacheka. Hakucheka. Akauweka ungo chini, na alipoanza kusema sauti yake ilikuwa ya chini kuliko nilivyowahi kuisikia.

"Mimi nilikuwa nimekwishazoea kwamba una roho mbaya. Roho mbaya ni ya mtu na Mungu wake. Sasa unaniambia nini? Pale pembeni yako alikuwepo kijana wa pancha. Anaendesha yule, kila siku anasogeza malori ya watu. Alikuja kwangu baadaye akilia. Akaniambia, mama, ningeuchukuaje ufunguo mkononi mwa Dereva? Ningemkosea adabu. Alikuwa anakungoja wewe, mzee. Ungesema 'sijui', neno moja, angeruka."

Dereva hakuinua kichwa.

"Ulijua kwamba anajua kuendesha?"

"Nilijua," Dereva alisema.

Sikujua nitazame wapi. Nilikuwa nimekwenda pale nikidhani nabeba kitu kitakachomsafisha mtu, na sasa kilikuwa katikati ya jamvi, kibaya kuliko kile kilichokuwepo kwanza. Bi Somoe akauchukua ungo akaingia ndani. Hakutufukuza, wala hakutukaribisha chai. Tulikaa kidogo, halafu tukaondoka, kila mmoja na njia yake.

Uchungu ulimshika mkwewe siku ya soko, mchana, stendi imejaa. Pikapu ilikuwepo. Mwana wa Bi Somoe alitoka mbio na ufunguo, na kwa mazoea ya miguu tu akaelekea benchini. Alipomwona aliyekaa pale, akasita.

Dereva alikwishasimama. "Dereva ni huyu," alisema kwa sauti ya kusikika mpaka kwenye vibanda vya mihogo, akimwonyesha fundi pancha kwa bakora. "Mimi ni utingo. Mpe yeye."

Watu waligeuka. Kuna mmoja aliyecheka, akidhani ni mzaha, kisha akaacha. Fundi pancha alimtazama mzee kama anayeomba ruhusa, na mzee akampigia kelele, "Ingia!" Wakampakia mama nyuma, Bi Somoe kamshika kichwa. Mtoto alizaliwa salama, wa kike. Hilo nalisema sasa ili lisikae njiani mwa ninalolikumbuka.

Ninalolikumbuka ni mzee yule akipanda upande wa kushoto, mlango hakuufunga vizuri, nusu ya mwili nje, kofia imemwanguka vumbini na hakuna aliyeiokota. Stendi nzima ilikuwa inamwona. Wengi walitazama pembeni, nami nikawa mmoja wao, hivyo sikuona mkono wake. Niliusikia. Ulipiga bati la mlango mara mbili, na gari likaondoka.